Umekunywa Chai?

Nikiwa darasa la sita niliandika insha iliyonipa alama 36 kwa 40. Ilianza hivi: nilirauka alfajiri na mapema, nikaoga, nikavaa sare zangu, kisha nikastaftahi kwa chai ya maziwa, mkate uliopakwa siagi, mayai mawili na sharubati ya machungwa. Baada ya hapo kulikuwa na safari ya Mombasa, ajali ndogo, na funzo. Mwalimu alipiga mstari chini ya neno "nikastaftahi", akaweka tiki mbili. Insha ikasomewa darasa zima.

Asubuhi hiyo nilikuwa nimekunywa strungi na kula ugali wa jana, ule mama aliukata vipande na kuukaanga kwa mafuta kidogo mpaka ukawa mgumu nje na laini ndani. Ulikuwa mtamu, kusema ukweli. Lakini haikunijia hata kidogo kwamba unaweza kuandikwa. Tulikuwa watoto zaidi ya sitini darasani, na katika insha zetu sote tulistaftahi vilevile, kama tumelala hoteli moja.

Kitu cha kushangaza ni kwamba maneno tulikuwa nayo. Msamiati wa chakula kilicholala tulikariri kwa ajili ya mtihani: kiporo, mwiku, bariyo. Maneno matatu kwa chakula cha jana kinacholiwa asubuhi. Lugha haitengenezi maneno matatu kwa kitu kisichotokea. Watu waliosema Kiswahili kabla yetu walikula mabaki ya usiku wakaona ni jambo la kawaida, wakalipa majina. Sisi tukayaweka majina hayo kwenye swali la kuchagua jibu sahihi, halafu kwenye insha tukajipikia mayai mawili.

Nimeikumbuka insha hiyo kwa sababu ya kazi ninayofanya sasa. Naandika kwa kulipwa kwa makala, na kuna makala moja ambayo kila mwaka huandikwa na mtu tofauti. Bila shaka umeisoma. Inasema zamani watu wetu waliamkia uji wa wimbi, nduma na viazi vitamu. Siku hizi vijana wanakula mkate mweupe, smokie na soda saa mbili asubuhi. Ndiyo maana wana presha na sukari wakiwa na miaka thelathini. Turudi kwa vyakula vya mababu. Mwisho. Mimi mwenyewe nimeiandika mara mbili, ya pili bila jina langu, na zote zililipa kodi ya nyumba.

Leo nataka kuipinga. Sina ugomvi na nduma. Wimbi lina madini ambayo mkate mweupe hauna, na chai yenye vijiko vinne vya sukari haimjengi mtu. Hapo makala ina haki. Kosa lake ni kwamba inakichukulia kiamshakinywa kama suala la kupenda, kana kwamba kila kizazi kiliketi, kikaangalia menyu, kikachagua, na sisi tukachagua vibaya. Nikiangalia watu watatu ninaowajua vizuri, yaani shosho yangu, mama yangu na mimi, sioni aliyechagua. Naona watu watatu ambao asubuhi zao zilikuwa za mtu mwingine, na ambao walikula kile kilichoweza kuliwa katika muda uliobaki.

*

Shosho yuko Murang'a, kule juu karibu na msitu, ambako baridi ya Julai haina huruma. Ukimuuliza chakula cha kienyeji cha asubuhi ni nini, atakujibu bila kufikiri: chai. Chai ya maziwa iliyochemshwa ikapanda mara tatu, na ngwaci pembeni.

Hapo ndipo makala yetu huanza kuyumba. Chai, ambayo leo tunaiona ni yetu kiasi kwamba ndiyo jina la mlo wenyewe, ni mgeni wa juzi. Miche ya kwanza ilipandwa Limuru mwaka wa 1903. Mashamba makubwa ya kampuni za Uingereza yalianza Kericho katika miaka ya 1920. Mwafrika alichuma majani hayo kwa mshahara, lakini kwa miaka mingi hakuruhusiwa kuupanda mmea huo kwake. Mlango ulifunguka hasa katika miaka ya 1950, na KTDA, ya kuwasimamia wakulima wadogo, ikaundwa 1964. Ule mtindo wa kuchemsha majani pamoja na maziwa na sukari una asili ya Kihindi, kama chapati. Na uji mweupe wa mahindi? Mahindi yametoka Amerika. Walowezi walilima mahindi meupe, na unga wake ukawa posho waliyogawiwa vibarua mashambani, mpaka wimbi na mtama vikasukumwa pembeni.

Kwa hivyo tukisema "turudi", inafaa tutaje mwaka. Ukirudi miaka 60 utakuta chai na uji mweupe, yaani mgao wa kibarua. Ukirudi zaidi ya 120 utakuta wimbi, mtama, maziwa, ngwaci, nduma, na kiporo, kiporo kingi. Hakuna asubuhi moja iliyotulia mahali ikitungoja.

Lakini historia hiyo niliisoma ukubwani. Kilichonifungua macho kwanza ni likizo moja ya Agosti. Nilikuwa nikidhani shosho hunywa chai asubuhi kama watu wote. Siku ya kwanza niliamka saa kumi na mbili na nusu nikakuta jiko limezimwa na yeye hayupo. Alikuwa shambani, aproni ya plastiki kiunoni, kikapu mgongoni, umande umemlowesha mpaka magotini. Ana majani kidogo, robo ekari hivi. Yanachumwa mawili machanga pamoja na kichipukizi, na yanataka kufika kituoni kabla ya lori, manake yakikaa kwenye gunia yanapata joto, yanabadilika rangi, na karani anayakataa. Saa nne alirudi, kilo zake zimeandikwa, ndipo akawasha moto.

Nilimuuliza kwa nini asinywe kwanza.

"Chai itaningoja," alisema. "Karani hangoji."

Chai aliyokuwa anachemsha ilitoka kwenye pakiti ya dukani. Majani yake mwenyewe yalikwenda kiwandani, yakasagwa, na kutoka pale mengi ya aina yake hupita kwenye mnada wa Mombasa yakielekea Pakistan, Misri, Uingereza. Mwanamke mwenye shamba la chai alikuwa ananunua chai ya gramu 50 na kuinywa saa nne, baada ya watu wote waliokuwa wakimngoja kumalizana naye. Ikiwa hicho ndicho kiamshakinywa cha mababu, basi hata yeye alikipata kikiwa kimechelewa.

*

Mama alikuja mjini akapata kazi ya kushona kwenye kiwanda cha nguo upande wa Athi River. Geti lilikuwa linafungwa saa moja na nusu, na ukichelewa siku hiyo huna. Tuliishi Mlolongo, chumba kimoja, yeye na sisi watoto watatu. Aliamka saa kumi usiku. Kufikia saa kumi na nusu chai ilikuwa ndani ya chupa, ile nyekundu yenye maua ambayo nadhani kila nyumba ya Kenya imewahi kuwa nayo, na kufikia saa kumi na moja alikuwa njiani.

Sijaona mtu akiandika kuhusu chupa ya chai, na naona ndiyo ilibadilisha kiamshakinywa chetu kuliko smokie. Kabla ya chupa, chai ilikuwa na saa yake. Ilinywewa ikiwa moto, na moto ulikuwa mmoja, kwa hivyo watu walikaa karibu. Chupa ikasema si lazima. Mmoja anaweza kupika akaondoka, na wengine wakanywa kila mtu kwa wakati wake. Kaka yangu alimimina saa kumi na mbili, mimi saa kumi na mbili na nusu, dada yangu mdogo wa mwisho. Chai ya chupa ina ladha yake, kidogo ya kifuniko, na maziwa yake huwa yamechoka. Tuliipenda. Ilikuwa ni mama kusema amepita hapa.

Pamoja na chupa kulikuwa na mkate. Mkate wa gramu 400 tuligawa slesi tatu kila mtu, na zile za mwisho zenye ganda zilibaki za mama, za jioni. Ikiwa mwezi ni mzuri kulikuwa na Blue Band, ambayo tuliita siagi mpaka nikawa mkubwa na kujua kwamba siagi ni kitu kingine. Wiki ya mwisho ya mwezi kulikuwa na strungi na ugali wa jana. Ndiyo asubuhi ya ile insha yangu.

Nitajaribu kuutetea mkate, kwa sababu makala ya mababu huuonea. Mkate ni kiamshakinywa kisichohitaji moto. Ndiyo siri yake yote. Nduma inachemka muda mrefu. Uji wa wimbi unataka mtu asimame akoroge, na ukitaka ule mchachu unaanza jana au juzi. Kwa anayepikia kuni alizookota mwenyewe hiyo ni kazi, lakini si pesa. Kwa anayepikia meko ya kilo 6 ndani ya chumba kimoja, nduma ya asubuhi ni gesi ya chakula cha jioni. Watu wa mjini hawakuacha nduma kwa sababu walipumbazwa na weupe wa mkate. Walipiga hesabu. Mkate uliwauzia saa moja ya usingizi na moto wa jioni, na kwa mtu anayeamka saa kumi usiku hiyo ni bei nzuri sana.

Matangazo nayo yalituuzia kitu kingine kabisa. Unayakumbuka: jua linaingia dirishani, kuna meza yenye kitambaa, baba amefunga tai, mama anapaka slesi huku anatabasamu, watoto wamebeba mabegi na hawana haraka. Sisi hatukuwa na meza. Tulikuwa na stuli mbili na kitanda. Lakini nikikumbuka vizuri, kitu tulichokionea wivu pale hakikuwa meza. Ni kwamba watu wote walikuwa ndani ya picha moja, mchana, kabla ya kazi. Ile insha ya darasa la sita niliinakili kutoka hapo. Mayai mawili yalikuwa njia ya kusema mama alikuwa nyumbani.

Mama ana kumbukumbu moja ya kiamshakinywa ambayo huisimulia akicheka. Alianza shule mwanzoni mwa miaka ya 80, wakati wa Maziwa ya Nyayo, mpango ulioanzishwa na Rais Moi mwaka wa 1979 wa kuwapa watoto wa shule za msingi maziwa ya bure. Anakumbuka pakiti zenyewe, zile za pembetatu, anavyosema unang'ata pembe moja na kunyonya. Anakumbuka pia kwamba siku ya maziwa hakuna aliyekosa shule. Baadaye mpango ulikufa, na alipopata watoto sisi tulienda shule na kilicho tumboni. Huwa nafikiria jambo hilo ninaposoma kwamba wazazi wa siku hizi wamesahau lishe. Yeye hakusahau. Ni pakiti ndiyo iliacha kuja.

*

Kwenye riwaya ya Weep Not, Child ya Ngũgĩ wa Thiong'o, iliyotoka 1964, kuna mahali mwanzoni ambapo mama anamwambia Njoroge kwamba ataenda shule, ila wao ni maskini, kwa hivyo asitarajie chakula cha mchana kama watoto wengine. Njoroge anakubali papo hapo, kwa furaha. Nilipokisoma kitabu hicho sekondari niliona ni maelezo tu, mwandishi anatuonyesha umaskini. Nilipofika chuo kikuu ndipo niliona kwamba yale ni makubaliano. Shule inakuja, mlo unatoka.

Hosteli yetu tuliita makubaliano hayo 0-1-0. Sifuri asubuhi, moja mchana, sifuri usiku. Karo ilikuwa na salio ambalo halikupungua, na kitu cha kwanza kukatwa kilikuwa breko, kwa sababu ndicho kitu ambacho hakuna anayekuona ukikikosa. Mchana ukikosa kula marafiki wanajua. Asubuhi unasema umechelewa kuamka. Nilipitisha karibu mwaka mzima nikiwa mtu anayechelewa kuamka. Muhula wa pili wa mwaka wa pili niliacha kwenda darasani, kisha nikaacha hosteli, na sikurudi.

Miaka michache baadaye mteja mmoja alinipa kazi ya kuandika kuhusu faida za kufunga kwa saa 16, yaani kuruka kiamshakinywa kwa hiari. Nilimaliza maneno 800 kwa saa mbili. Nilikuwa na utafiti wa kutosha. Nilichojifunza kwenye ile kazi ni kwamba tumbo tupu lina majina mawili mjini hapa, na tofauti iko kwenye friji. Kama imejaa, unafunga. Kama huna friji, unasota.

Siku hizi naishi upande wa Mukuru, na asubuhi yangu ni ya wateja wa nje ambao saa zao si zetu. Nikimaliza kuandika saa kumi na moja hivi huwa natoka kunyoosha miguu. Ukitoka saa hiyo utaona kitu ambacho makala ya mababu haijawahi kukiona, kwa sababu wanaoiandika wamelala. Barabara imejaa. Watu wanatembea kwenda Industrial Area, wengine wana kazi, wengine wanaenda kusimama getini wakitumaini kuitwa. Na kando ya njia yuko mama mmoja na mkokoteni, ndoo kubwa mbili zimefungwa kwa blanketi, anauza uji.

Ni uji wa wimbi na mtama, umechachushwa, una ndimu, na ukiongeza kitu kidogo anakuwekea njugu zilizosagwa. Kikombe ni shilingi 20. Wanaume wa mjengo wanakunywa wamesimama, dakika tatu, wanarudisha kikombe, wanaendelea. Asubuhi moja nilihesabu vikombe arobaini kabla mwangaza haujatoka vizuri.

Kwa hivyo uji wa mababu haukupotea. Ulihama. Ulitoka nyumbani, ambako hakuna tena mtu mwenye nusu saa ya kukoroga wala gesi ya kupoteza, ukaenda barabarani, ambako mtu mmoja anawasha moto mmoja kwa ajili ya watu mia. Mwenye kigari cha smokie na mayai boilo anafanya kazi ileile hatua mia mbili mbele, kwa wale wanaopita wakiwa wamechelewa zaidi. Tumezoea kuwaweka kwenye makala mbili tofauti, mmoja kwenye ya urithi na mwingine kwenye ya maradhi. Kwa mteja wao wako kwenye foleni moja, na kinachoamua ni dakika ngapi zimebaki.

Nilimuuliza mama wa uji yeye hunywa saa ngapi.

"Mimi? Nikishamaliza kuuza."

"Saa ngapi hiyo?"

"Saa nne. Kama umebaki."

Anaamka saa nane usiku. Nilimfikiria shosho.

*

Nduma nayo nimeiona ikirudi, Kilimani, mahali nilipoenda kukutana na mhariri. Ilikuwa kwenye menyu chini ya maneno ya kusifu asili yetu, vipande vinne na kijiko cha asali, kwa bei ya mikate kama kumi. Niliiagiza kwa sababu mhariri ndiye alikuwa analipa. Ilikuwa nzuri. Lakini nilipoangalia meza za karibu niliona kwamba watu hawakuwa wamelipia nduma. Ilikuwa Jumanne, saa tatu na nusu, jua linaingia dirishani, hakuna aliyekuwa na haraka, na nduma ilikuwa imechemshwa na mtu mwingine aliyeamka mapema. Ilikuwa ile picha ya tangazo la siagi, wamebadilisha tu kilicho kwenye sahani.

Hapo ndipo naona makala ya mababu inapokosea zaidi, na ndipo ninapojutia zile mbili zangu. Inamwambia msichana anayepanda matatu saa kumi na moja kwamba afya yake imeharibiwa na ladha yake. Inampa aibu badala ya saa. Halafu inampa orodha ya vyakula ambavyo kila kimoja kinahitaji kitu asicho nacho: moto wa muda mrefu, au mtu wa kubaki nyumbani, na huyo mtu wa kubaki, tusidanganyane, makala huwa inamaanisha mama.

Juni 2024, Mswada wa Fedha ulipotaka mkate wa kawaida utozwe ushuru wa asilimia 16, mjomba wangu alitucheka. Nyinyi watu wa smokie, alisema, mkate unawahusu nini? Nilichukua simu nikampigia hesabu: mkate wa shilingi 65 ungefika 75. Akasema shilingi kumi hazimwui mtu. Sikuwa na jibu zuri siku hiyo. Tarehe 18 pendekezo la mkate likaondolewa, na bado vijana wakatoka, kwa sababu kufikia hapo mkate ulikuwa umesema mambo mengine mengi. Tarehe 25 watu waliingia Bunge, na wengine wa umri wangu hawakurudi nyumbani. Siku iliyofuata Rais akasema hatautia sahihi mswada.

Jibu nililokosa ninalo sasa. Mkate ni kiamshakinywa cha asiye na moto wala muda. Uliwahi kupanda bei huku kwetu 2022 kwa sababu ya vita vya Ukraine, maana ngano yetu nyingi inatoka nje, na watu walinung'unika wakameza, kwa kuwa vita havina ofisi ya kupelekewa malalamiko hapa Nairobi. Ushuru una ofisi. Ukiongeza bei ya mkate hujagusa ladha ya mtu. Umegusa ile saa moja ya usingizi aliyoinunua mama yangu, na slesi zenye ganda. Mjomba alidhani tunapigania chakula tusichokula. Kumbe wengi wetu tulilelewa nacho, na tulijua kabisa kilikuwa kimesimama mahali pa nini.

*

Mama hupiga simu saa kumi na mbili asubuhi. Amefanya hivyo tangu nikiwa chuo, akiwa njiani kwenda kazini, na swali la kwanza halijawahi kubadilika: "Umekunywa chai?"

Kwa Kikenya hilo si swali kuhusu chai. Linauliza kama umelala salama, kama una pesa, kama kuna kitu kinaendelea ambacho hujasema. Jibu langu kwa miaka yote lilikuwa ndiyo. Nimekunywa, mama. Na nini? Na mkate. Nilisema hivyo nikiwa kwenye 0-1-0. Nilisema hivyo miezi minne baada ya kuacha chuo, nikiwa nimelala kwa keja ya rafiki, mama akidhani niko hosteli najiandaa kwa mtihani. Ilikuwa insha ileile ya darasa la sita, fupi tu.

Mwaka huu, asubuhi moja, sijui ni uchovu au ni kwa sababu nilikuwa nimeanza kuandika makala hii, nilimjibu ukweli.

"Bado. Sijanywa."

Akanyamaza. Nikasikia kelele za barabara upande wake, na kondakta anaita watu.

"Hata mimi," akasema. Kisha akacheka, cheko la mtu aliyeshikwa. "Hata mimi huwa sinywi. Nitakunywa saa ngapi na nimetoka saa kumi na moja?"

Nilimuuliza tangu lini. Akasema tangu tukiwa wadogo. Alikuwa anapika, anajaza chupa, anafunga kifuniko, anaondoka. Kuonja alikuwa anaonja sukari tu. Zile slesi za ganda za jioni, ndizo zilikuwa breko yake.

Sikuwa na la kusema. Nilikuwa nimeandika aya nzima kuhusu chupa ile, jinsi kila mtu alivyomimina kwa wakati wake, na sikuwahi kujiuliza yeye alimimina lini. Makala niliyokuwa naipinga humsahau mtu aliyewasha moto, na mimi nilikuwa nimeishi naye chumba kimoja nikamsahau.

Tangu siku hiyo swali limebadilika. Anapiga saa ileile, kelele ni zilezile, lakini haniulizi tena kama nimekunywa. Ananiuliza nitakunywa saa ngapi. Namwambia, kisha namuuliza yeye, naye ananiambia. Mara nyingi ni saa nne.